Kuamuru Gripa ya Roboti kwa Modbus: Mwongozo kwa Mafundi wa Ukanda wa Dhahabu

Gripa ni kifaa kinachofungwa kwenye ncha ya mkono wa roboti ili kushika, kuinua na kuachia vitu. Roboti huipeleka mahali panapotakiwa, lakini vidole vyake hufunguka na kufunga kwa amri yake yenyewe kutoka kwenye kidhibiti. Amri hiyo ikipita kwenye waya wa kawaida wa volti 24 husema mambo mawili tu: funga au fungua. Ikipita kwenye mtandao wa viwandani hubeba pia nafasi ya vidole, kasi yake na nguvu ya kushika, kisha hurudisha taarifa ya kilichotokea. Taarifa hiyo ya kurudi ndiyo faida kubwa ya mtandao, na ndiyo inayopuuzwa zaidi wakati wa kuandika programu.

Modbus ni miongoni mwa itifaki za viwandani zinazotumika sana. Ilitolewa mwaka 1979 na kampuni ya Modicon ya Marekani kwa ajili ya vidhibiti vya mitambo, yaani PLC. Muundo wake ni mwepesi: kifaa kimoja kikuu huuliza au huamuru, na kifaa kilichotajwa kwa namba yake hujibu. Hakuna kifaa kinachosema bila kuulizwa. Ina sura mbili zinazokutwa mara nyingi. Modbus RTU hupita kwenye jozi ya nyaya za RS-485, na Modbus TCP hupita kwenye kebo ya Etheneti kupitia mlango namba 502.

Mafundi wa umeme na vipimo wa Geita, Kahama na Shinyanga hukutana na Modbus hata pale ambapo hakuna roboti. Mita za umeme, vidhibiti kasi vya mota za pampu na mita za mtiririko wa tope kwenye mitambo ya uchenjuaji huja nayo kutoka kiwandani. Gripa ni kifaa kingine tu kwenye orodha hiyo. Tofauti yake ni kwamba mita ikisomwa vibaya hutoa namba isiyo sahihi, ilhali gripa ikiamriwa vibaya huvunja kitu au kubana mkono wa mtu.

Kazi inayoifaa gripa migodini

Katika ukanda huu, sehemu inayoifaa roboti ya kushika ni maabara ya sampuli. Mgodi wa Geita ulianza uzalishaji mwaka 2000 na wa Bulyanhulu, wilayani Msalala, mwaka 2001. Kila uamuzi wa migodi ya aina hii kuhusu mwamba upi upelekwe kinuni na upi utupwe hutegemea majibu ya maabara. Sampuli hukaushwa, hupondwa hadi kufikia milimita chache, kisha husagwa iwe unga laini. Sehemu ndogo, aghalabu gramu 30 au 50, hupimwa, huchanganywa na kemikali zenye risasi, na kuyeyushwa kwenye tanuru la nyuzi 1,100 hivi za Selsiasi. Kazi hurudiwa ileile kutwa nzima, katikati ya vumbi la mawe na mvuke wa risasi, na kosa dogo la kubadilisha pakiti mbili hupotosha hesabu ya shimo zima.

Gripa ya umeme ya vidole viwili hufaa kuhamisha vikopo, chupa na pakiti za sampuli zilizo baridi. Haifai kushika vyungu vilivyotoka tanuruni. Kazi hiyo huhitaji koleo maalumu la chuma linalostahimili joto. Kinga dhidi ya vumbi nayo huangaliwa kabla ya kununua. Gripa ya Robotiq 2F-85, iliyotengenezwa Kanada na inayotumika sana kwenye roboti ndogo, ina daraja la IP40, maana yake unga laini wa mawe unaweza kuingia ndani yake. Kwenye chumba cha mizani hufanya kazi vizuri, lakini kwenye chumba cha kupondea mawe haitadumu. Ndugu yake, Hand-E, ina daraja la IP67 na hustahimili vumbi zaidi.

Mwongozo huu unatumia 2F-85 kama mfano kwa sababu rejista zake ziko wazi na utaratibu wake unafanana na wa gripa nyingi. Namba za gripa nyingine huchukuliwa kwenye kitabu cha mtengenezaji wake.

Nyaya na umeme

RS-485 hutumia nyaya mbili zilizosokotwa pamoja, A na B, na waya wa tatu wa pamoja. Watengenezaji hawakubaliani kuhusu ipi iitwe A na ipi B, hivyo kifaa kisipojibu kabisa, jambo la kwanza kujaribu ni kubadilishana nyaya hizo mbili. Kubadilishana huko hakuharibu kitu.

Vifaa hupangwa kwenye mstari mmoja, kimoja baada ya kingine. Mpangilio wa matawi mengi kutoka sehemu moja huleta mwangwi wa mawimbi na makosa yasiyotabirika. Kila mwisho wa mstari huwekwa kizuizi cha ohmu 120. Mstari unaweza kufika mita 1,200 kwa kasi ndogo na kubeba vifaa 32 vya kawaida, lakini gripa huendeshwa kwa kasi ya juu, hivyo kebo yake huwa fupi.

Mitambo ya uchenjuaji ina mota kubwa zinazoendeshwa na vidhibiti kasi, na kebo zake hutoa kelele nyingi za umeme. Kebo ya mtandao haiwekwi kwenye trei moja na kebo za mota. Zikilazimika kukutana, hukatishana kwa pembe ya mraba. Kwenye mkono wa roboti hutumika kebo iliyotengenezwa kwa kupindwa mara nyingi, kwa maana kebo ya kawaida hukatika ndani huku ganda likionekana zima. Hitilafu ya namna hiyo hujitokeza roboti ikiwa kwenye mkao fulani tu, na huchukua siku kuipata.

Gripa hupewa volti 24 za mkondo mnyoofu kutoka kwenye chanzo kisichobeba valvu na rilei nyingi. Inapofunga kwa nguvu huvuta mkondo mkubwa kwa muda mfupi, na volti zikishuka husimama yenyewe na kutoa taarifa ya hitilafu. Pale ambapo umeme wa gridi hukatika au jenereta hubadilishana zamu, chanzo hicho huwekewa betri ya akiba, ili gripa na kidhibiti visizimike katikati ya kazi.

Mipangilio ya mawasiliano

Pande zote mbili hulazimika kuwa na mipangilio ileile. 2F-85 hutoka kiwandani ikiwa na kasi ya biti 115,200 kwa sekunde, biti 8 za data, biti 1 ya kumaliza, bila pariti, na namba ya kifaa 9. Kidhibiti kasi kilicho jirani huenda kimewekwa biti 9,600. Vifaa vya kasi tofauti haviwezi kukaa kwenye mstari mmoja, hivyo gripa hupewa mstari wake.

Modbus huhifadhi taarifa kwenye rejista, kila moja ikiwa na baiti mbili. Vitabu vingine huhesabu rejista kuanzia 1 na vingine kuanzia 0. Kwa hiyo rejista inayoitwa 40001 kitabuni huwa namba 0 kwenye ujumbe unaotumwa. Majibu yakija yamesogea kwa nafasi moja, chanzo huwa hapo.

Rejista za gripa

2F-85 hupokea amri kwenye rejista tatu kuanzia namba 1000, ambayo kwa heksa ni 03E8. Taarifa zake husomwa kwenye rejista tatu kuanzia namba 2000, yaani 07D0. Rejista tatu ni baiti sita.

Katika amri, baiti ya kwanza hubeba biti za utendaji: biti 0 huiamsha gripa, na biti 3 huiambia iende kwenye nafasi iliyotajwa. Baiti ya pili na ya tatu huachwa sifuri. Ya nne ni nafasi, ambapo 0 ni wazi kabisa na 255 ni kufunga kabisa. Ya tano ni kasi na ya sita ni nguvu. Vidole hufunguka hadi milimita 85, na nguvu hupangwa kati ya nyutoni 20 na 235 hivi.

Amri ya kufunga kwa kasi na nguvu zote huonekana hivi kwenye waya, kwa heksa:

09 10 03 E8 00 03 06 09 00 00 FF FF FF 42 29

09 ya mwanzo ni namba ya kifaa. 10 ni kazi ya kuandika rejista nyingi, ambayo kwa desimali ni 16. 03 E8 ni rejista ya kuanzia, 00 03 ni idadi ya rejista, na 06 ni idadi ya baiti zinazofuata. Baiti ya amri, 09, ikiandikwa kwa biti ni 0000 1001: biti 0 na biti 3 zimewashwa, maana yake gripa iwe macho na iende. FF tatu zinazofuata baada ya sifuri ni nafasi, kasi na nguvu, zote 255. Baiti mbili za mwisho, 42 29, ni hesabu ya kukagua makosa inayoitwa CRC. Kifaa hupiga hesabu hiyo upya. Zisipolingana, huutupa ujumbe wote na kukaa kimya.

Amri ya kufungua hubadilisha baiti ya nafasi kuwa 00, na CRC hubadilika nayo:

09 10 03 E8 00 03 06 09 00 00 00 FF FF 72 19

Kuiamsha kabla ya kuitumia

Gripa inapopata umeme huwa haijaamka. Kwanza huandikiwa sifuri kwenye baiti zote sita ili kufuta hali ya zamani, kisha biti 0 huwekwa 1. Vidole husogea vyenyewe hadi mwisho ili kujipima. Wakati huo hapatakiwi kuwa na kitu katikati ya vidole, na vidole vya mtu vikae mbali. Programu husoma taarifa mpaka ithibitishe kwamba kuamka kumekamilika, ndipo hutuma amri ya kwanza. Amri ikitumwa mapema haitekelezwi, na hitilafu huandikwa kwenye rejista za taarifa.

Utaratibu huu hurudiwa kila umeme unapokatika. Programu iliyoandikwa kwa kudhani kwamba gripa iko macho siku zote itakwama siku ya kwanza umeme utakaporudi.

Kusoma kilichotokea

Baada ya amri ya kuandika, gripa hujibu kwa kurudia namba ya rejista na idadi yake. Jibu hilo ni risiti ya ujumbe tu. Linathibitisha kwamba amri imefika na kuandikwa. Halisemi lolote kuhusu chupa ya sampuli. Ili kujua kama kitu kimeshikwa, kidhibiti huuliza:

09 03 07 D0 00 03 04 0E

na jibu linaweza kuwa:

09 03 06 B9 00 00 FF BD 00 1D 7C

Baiti inayobeba habari kubwa ni B9, ambayo kwa biti ni 1011 1001. Biti 0 inaonyesha gripa iko macho. Biti 3 inaonyesha ina amri ya kwenda. Biti 4 na 5, zote zikiwa 1, zinaonyesha kuamka kumekamilika. Biti 7 na 6 ndizo zinazozungumzia kitu chenyewe. Thamani 0 ni kwamba vidole bado vinasogea, 1 ni kwamba vimegusa kitu vikifunguka, 2 ni kwamba vimegusa kitu vikifunga, na 3 ni kwamba vimefika nafasi iliyoamriwa bila kukuta kitu. Hapa ni 10, yaani 2: kitu kimeshikwa. Baiti ya tatu ya taarifa ni 00, hakuna hitilafu. FF ni nafasi iliyoombwa, BD ni nafasi halisi ambapo vidole vimesimama, na 00 ya mwisho ni mkondo wa mota.

BD kwa desimali ni 189. Kwa kushika vipande vya unene unaojulikana na kuandika nafasi inayosomwa kwa kila kimoja, fundi hupata jedwali la kumwonyesha kilichoshikwa. Chupa ya aina moja ikitoa 189 kila mara, kisha siku moja ikasomeka 160, gripa imeshika kitu kinene zaidi au imeshika chupa kwa upande. Programu hupewa mipaka: nje ya thamani kadhaa juu na chini ya 189, roboti husimama.

Kuna mtego mmoja unaowanasa wengi. Mara tu baada ya kutuma amri, taarifa inayosomwa inaweza kuwa ya mwendo uliopita, nayo ikasema kitu kimeshikwa wakati vidole havijaanza kusogea. Dawa yake ni kusubiri baiti ya nafasi iliyoombwa ifanane na nafasi iliyotumwa, ndipo biti za kitu ziaminiwe.

Mpangilio wa programu basi huwa hivi:

1. Hakikisha gripa iko macho na haina hitilafu.
2. Tuma nafasi, kasi na nguvu.
3. Subiri nafasi iliyoombwa irudi kama ilivyotumwa.
4. Soma biti za kitu mpaka zitoke kwenye 0, kwa muda usiozidi sekunde chache.
5. Zikiwa 2 na nafasi iko ndani ya mipaka, inua.
6. Zikiwa 3, hakuna kitu. Simamisha na mwite mtu.
7. Endelea kusoma wakati roboti inasafiri. Hali ikigeuka kutoka 2 kuwa 3, kitu kimeanguka.

Katika maabara, hatua ya sita na ya saba hazirukwi. Roboti inayoendelea baada ya kudondosha pakiti huisogeza foleni nzima, na majibu ya pakiti moja huandikwa kwenye namba ya nyingine.

Pakiti nyembamba za karatasi huhitaji uangalifu zaidi. Vidole vinaweza kufunga karibu kabisa na gripa ikaripoti kwamba haikukuta kitu. Vidole huongezewa pedi nene, au kihisi kingine huwekwa kuthibitisha.

Hitilafu na maana zake

Kidhibiti kikipewa jibu ambalo namba ya kazi imeongezwa 80 kwa heksa, kwa mfano 90 badala ya 10, kifaa kimeukataa ujumbe. Baiti inayofuata hutoa sababu: 01 ni kazi isiyojulikana, 02 ni rejista isiyokuwepo, 03 ni thamani isiyokubalika, na 04 ni kifaa kushindwa. Kimya kabisa kina sababu nyingine: nyaya, kasi, namba ya kifaa au CRC.

2F-85 ina pia namba zake kwenye baiti ya hitilafu. 05 na 07 huhusu kuamka kusikokamilika. 08 ni joto kupita kiasi. 09 ni mawasiliano kukatika kwa zaidi ya sekunde moja. 0A ni volti kuwa chini. Kwenye mazingira ya joto na umeme unaoyumba, 08 na 0A huhifadhiwa pamoja na saa zilipotokea, kwani mfuatano wake huonyesha kama tatizo ni gripa au chanzo cha umeme.

Zana nyingine kwenye mtandao uleule

Si kila zana ina rejista nyingi. Vikombe vya kunyonya na koleo la hewa huendeshwa na valvu, na valvu huwashwa kwa rilei. Rilei ya kwanza ya kifaa namba 1 huwashwa kwa ujumbe huu:

01 05 00 00 FF 00 8C 3A

Kazi 05 huandika biti moja, na FF 00 ni kuwasha. 00 00 ni kuzima. Kwa kuwa zana ya hewa haina taarifa ya kurudisha, huongezewa kihisi cha shinikizo, na programu husubiri kihisi hicho kabla ya kuinua. Vikombe vya kunyonya huwekewa chujio, la sivyo vumbi la mawe huziba pampu.

Usalama wa watu na wa mtandao

Kitufe cha dharura hakipitishwi kwenye Modbus. Ujumbe unaweza kupotea au kuchelewa, na itifaki hii haikutengenezwa kulinda uhai. Kitufe hicho huwa na nyaya zake zinazokata nguvu za roboti moja kwa moja, kwa kufuata viwango vya usalama vya roboti kama ISO 10218. Kinachotokea kwa kitu kilichoshikwa umeme ukikatwa huangaliwa mapema: gripa nyingine hubaki zimeshika, nyingine huachia. Nchini Tanzania, Sheria ya Usalama na Afya Mahali pa Kazi ya mwaka 2003 humtaka mwajiri kulinda wafanyakazi wake dhidi ya hatari za mashine, na roboti haina msamaha. Kabla ya kugusa vidole, umeme hukatwa na swichi hufungwa kwa kufuli ya fundi mwenyewe.

Modbus haina nywila. Yeyote anayeufikia mtandao anaweza kuandika rejista. Januari 2024, mjini Lviv, Ukraine, washambuliaji walituma amri za Modbus TCP kwenye vidhibiti vya mfumo wa kupasha joto, na majengo ya makazi zaidi ya 600 yakakosa joto katikati ya baridi kali. Kwa sababu hiyo mtandao wa roboti hutengwa na wa ofisi, mlango 502 haufunguliwi kuelekea intaneti, na wauzaji wanaohudumia mitambo kwa mbali hupewa njia inayofungwa kazi inapokwisha.

Kujifunza bila roboti

Fundi anayeanza hahitaji kusubiri mgodi ununue roboti. Kompyuta, kigeuzi cha USB kwenda RS-485, ubao wa rilei wenye Modbus na programu ya bure kama QModMaster hutosha kujifunza kuandika, kusoma, kubadilisha kasi, kugeuza nyaya kwa makusudi na kuona kila kosa linavyoonekana. Vyuo vya ufundi vya Shinyanga na Geita vinaweza kuanza na vifaa hivyo mezani. Kanuni za mwaka 2018 kuhusu ushiriki wa Watanzania katika madini zinataka migodi iajiri na kufundisha Watanzania, na kazi ya namna hii ndiyo inayostahili kubaki mikononi mwao.

Kipimo cha kazi iliyokamilika ni kimoja. Pakiti ikiondolewa mahali pake kabla roboti haijafika, roboti isimame, iseme haikukuta kitu, na isiendelee mpaka mtu aje. Mfumo usiopita jaribio hilo haujawa tayari kukabidhiwa sampuli.